Flashi ya Mjomba

Mapema mwaka 2013 nilikuwa nyumbani Tanga nikisubiri matokeo ya kidato cha nne, na siku zangu nyingi zilikwisha ndani ya kibanda cha gemu cha mjomba wangu, Ngamiani. Mwishoni mwa Januari matangazo ya analojia yalikuwa yamezimwa mkoani kwetu, na nyumba ambazo hazikuwa na king'amuzi zilibaki na televisheni zinazoonyesha chenga tupu. Watu walilalamika, lakini mjomba alifurahi kimyakimya, kwa sababu wiki hiyohiyo alijipatia TV mbili za chogo kwa bei ya kutupa kutoka kwa majirani waliokata tamaa. Gemu haihitaji king'amuzi. Inahitaji waya wa njano, mweupe na mwekundu, basi.

Kibanda kilikuwa na mashine mbili za PlayStation 2, zote zile nyembamba zilizokuja baada ya zile nene za mwanzo. Moja ilikuwa mtumba wa Uingereza, na kibandiko chake cha chini kilisomeka SCPH-77003. Nyingine ilikuwa SCPH-90004, mpya kidogo, ambayo umeme huingia moja kwa moja bila lile tofali la adapta linalolala sakafuni likipata moto. Ile ya 77003 ndiyo iliyokuwa kipenzi cha wateja, lakini lensi yake ilikuwa imechoka. Fundi alikwisha kuibadilisha mara mbili, na baina ya fundi na fundi sisi wenyewe tuliifuta kwa pamba na spiriti, tukaisugua CD kwa dawa ya meswaki, tukaipindua mashine ikae ubavu, na bado ilikuwa ikilia tik-tik-tik kisha ikatoa skrini nyekundu. Kila skrini nyekundu ilikuwa shilingi 200 ya mteja inayorudi mfukoni mwake.

Fundi ndiye aliyenidokeza habari ya flashi. Alisema mashine inaweza kuacha kabisa kuisoma CD, ikasoma gemu kutoka kwenye tundu la USB lililo mbele, mradi upatikane memori kadi, kile kikadi cha kuhifadhia ulipofikia kwenye gemu, iliyowekwa programu iitwayo FreeMcBoot. Siri yake, alivyonieleza akiwa ameinamia lehemu na waya, ni kwamba mashine hizi ziliundwa zikiwashwa zitazame kwanza kwenye memori kadi kama kuna masahihisho ya mfumo, na programu hiyo hujifanya ndiyo masahihisho yenyewe, ikatangulia kila kitu. Nilidhani nitaipakua kwenye kompyuta na kuinakili kwenye kadi kama wimbo, lakini akacheka. Programu hufungwa kwa siri ya kadi ileile inayowekwa, kwa hiyo lazima iwekwe na mashine ambayo tayari imefunguliwa. Ni habari ya yai na kuku, ila kuku alikuwa naye yeye, na yai akaniuzia kwa shilingi 25,000.

Niliirudisha kadi mbio kibandani, nikaichomeka kwenye mashine ya 90004 kwa kuwa ndiyo iliyokuwa imeunganishwa na TV wakati ule. Mashine ikawaka kama kawaida yake, ikaonyesha menyu yake ya siku zote, na kadi ikawa kama haipo. Mjomba aliyekuwa akihesabu chenji mlangoni hakusema kitu, na kunyamaza kwake ndiko kulikoniumiza. Niliporudi kwa fundi nikiwa nimefura, aliniuliza tu namba ya chini ya mashine, akatikisa kichwa: baadhi ya mashine za 90000, zile za mwisho, mtengenezaji aliuziba mlango huo, na kibandiko kina herufi na tarakimu za tarehe zinazokuambia yako iko upande gani. Yetu ilikuwa upande mbaya. Kadi ileile ilipoingia kwenye 77003, mashine mbovu isiyosoma CD, menyu mpya ikatokea na ndani yake jina la programu niliyokuwa nikiitafuta, Open PS2 Loader, ambayo ndiyo huendesha gemu kutoka kwenye flashi. Sijui kama nimewahi tena kufurahia orodha tupu kiasi kile, maana chini ya jina hilo hapakuwa na gemu hata moja.

Kuijaza orodha hiyo ndiyo ilikuwa kazi yenyewe, na niliifanyia kwenye mgahawa wa intaneti uliokuwa ukitoza shilingi 1,000 kwa saa. Tuseme ukweli, CD za mjomba karibu zote zilikuwa nakala za kuchoma, kama ilivyokuwa katika kila kibanda nilichokijua, lakini hata nakala hulindwa na mwenye nayo. Niliingiza CD kwenye kompyuta, kompyuta ikaigeuza faili moja kubwa, kisha likaja tatizo ambalo fundi hakunitajia. Wakati ule flashi ilikuwa lazima iwe katika mfumo wa FAT32, mmoja wa mipangilio ya kuhifadhi mafaili, na FAT32 haikubali faili moja lifike gigabaiti 4. Nakala yetu ya PES 2012, gemu ya mpira wa miguu, ilipita chini ya kikomo hicho, lakini God of War II, iliyotolewa mwaka 2007 kwenye DVD ya tabaka mbili, ilikuwa karibu gigabaiti 8. Kwa hiyo nilitumia programu nyingine iitwayo USBUtil, ambayo huikata gemu vipande vya gigabaiti moja moja, hukipa kila kipande jina refu lisilosomeka, na kuandika kijifaili kidogo cha orodha, ul.cfg, kinachoiambia mashine vipande vipi ni vya gemu ipi. Ukikifuta kijifaili hicho, gemu zote zipo na hakuna hata moja inayoonekana.

Flashi ilikuwa ya gigabaiti 16 kwa maandishi ya nje, ingawa kompyuta ilisoma 14 na ushee. Nilikaa nikitazama mstari wa kijani ukisogea kwa karibu saa nzima kwa gemu moja tu, huku mwenye mgahawa akipita nyuma yangu kila mara kuhakikisha sijaingia mahali pasipofaa.

Jioni ile, mbele ya watoto kama kumi, nilichomeka flashi, nikachagua PES, nikabonyeza X. Skrini ikawa nyeusi kwa muda ambao nilihisi ni mrefu mno, kisha uwanja ukatokea. Mjomba aliinama akatazama sehemu ya CD, akaufungua mfuniko, akaona hakuna kitu ndani na gemu inaendelea, akaufunga. "Mjomba," aliniita, kwa kuwa kwetu mjomba na mpwa wake huitana kwa jina hilohilo, "hii isije ikawa na jini." God of War nayo iliwaka, ila tundu la USB la mashine hizi ni la kizamani na hupitisha data polepole kuliko DVD, kwa hiyo kila ilipofika kwenye video za hadithi, picha na sauti zilikatikakatika. Mjomba akasema huyu jamaa ana kigugumizi, na jina la Kigugumizi likabaki kuwa jina la gemu hiyo kibandani mpaka mwisho. Walioicheza hawakujali. Mapato ya wiki zile mbili yalikuwa mazuri kuliko mwezi mzima uliotangulia.

Kisha wateja wakaanza kuulizia PES 2013, iliyokuwa na wachezaji waliohama na jezi mpya, na ilikuwa aibu kwa kibanda kuendelea na ya mwaka uliopita. Niliipata, nikaifuta PES 2012 kwenye flashi ili kupata nafasi, nikaona bado haitoshi, nikafuta na mafaili mengine yaliyokuwa yamejazana humo, nikaiweka gemu mpya. Ilikuwa Jumamosi. Jumapili saa kumi vijana wa barabara mbili walikuwa wamepanga mashindano kwetu, wamekwisha kulipa, na wengine wamekaa juu ya ndoo zilizopinduliwa kwa kukosa benchi. Nikabonyeza X. Badala ya uwanja yalitokea maandishi ya Kiingereza yaliyosema kuwa gemu imekatika vipande.

Nilijaribu tena mara tano au sita, kana kwamba mashine ingeona haya. Vijana wakaanza kudai fedha zao, kwanza kwa utani, baadaye bila utani, na mjomba akawarudishia noti moja moja bila kunitazama. Usiku ule nilikuwa na uhakika kwamba kosa naliona. Mashine imesema vipande, na aliyekata vipande ni mimi. Asubuhi nilirudi mgahawani nikaikata upya, ikagoma. Nikaikata tena kwa kudhani kipande kimoja kiliharibika, ikagoma. Mwisho nikakumbuka kuwa nakala yetu ya PES haifiki gigabaiti 4 na haikuwa na haja ya kukatwa tangu mwanzo, kwa hiyo nikatengeneza folda ya DVD kama programu inavyotaka na kuliweka humo faili zima, moja, bila mkato wowote. Ilipoandika maneno yaleyale juu ya faili ambalo sikulikata, ndipo nilipojua kuwa vipande inavyovisema mashine si vipande nilivyovikata mimi.

Jibu nililipata kwa kuiweka flashi kwenye programu ya kuchunguza mpangilio wa diski. Programu hiyo ilichora flashi nzima kama kanga ya mistari: mistari ya buluu ni mafaili yaliyokaa pamoja, mistari myekundu ni mafaili yaliyotawanyika, na gemu yetu ilikuwa nyekundu mwanzo hadi mwisho. Kompyuta haioni shida faili kutawanyika. Ikikosa nafasi ndefu moja, hulitia faili katika mapengo yaliyopo, kidogo huku na kidogo kule, na kukumbuka njia ya kuyaunganisha. Mashine ya gemu iliyosoma kupitia USB, kwa programu ya wakati ule, haikupewa ujanja huo. Ilionyeshwa faili linapoanzia na kwenda mbele moja kwa moja kama treni, na reli ikihama hapo katikati, safari ilikwisha. God of War ilikuwa bado ni ya buluu kwa sababu iliingia wakati flashi ingali tupu.

Lakini mapengo yalitoka wapi? Nilifungua flashi na kuyatazama vizuri yale mafaili mengine ambayo Jumamosi nilifuta nusu yake bila hata kuyasoma majina. Yalikuwa taarabu. Zilikuwapo nyimbo mia mbili na zaidi, za zamani na mpya, pamoja na kaswida kadhaa. Mjomba alikuwa na redio ya kuchomeka flashi, na kila usiku alipofunga kibanda aliichomoa ile ya gemu na kwenda nayo nyumbani. Katikati ya wiki alipita kwa kijana anayeingiza nyimbo na kumwambia ajaze nafasi iliyobaki. Nyimbo zikajipanga baada ya gemu. Mimi nikaja nikafuta hii na kuiacha ile, na PES 2013 ikalazimika kujibanza katikati ya waimbaji.

Nilihamishia kila kitu kwenye kompyuta, nikaifuta flashi yote, nikaanza upya: Kigugumizi kwanza kwa kuwa ndiye mkubwa, PES ikafuata, na hapo nikaacha. Mistari yote ikawa ya buluu. Kazi hiyo ilinila saa tatu za mgahawa, shilingi 3,000, ambazo nilizitoa mfukoni mwangu kwa kuwa sikuwa na uso wa kumwomba mjomba.

Nilipomweleza alisikiliza mpaka mwisho. Kwa habari ya reli na mapengo alitikisa kichwa tu kwa adabu, lakini nilipofika kwenye taarabu alinikata kauli. "Kwa hiyo Jumamosi ulizifuta nyimbo zangu?" Nikamjibu kuwa nilifuta kama nusu. Akauliza nusu ipi. Sikuwa na jibu, na nadhani mpaka leo hilo linamuuma kuliko zile fedha za mashindano alizorudisha. Nikamtolea nyimbo zilizosalimika, ambazo nilikuwa nimezitia katika flashi nyingine ndogo ya gigabaiti 2, na akaipokea kwa mikono miwili.

Jioni ile aliichukua flashi ya gemu, akaizungushia plasta nyeupe ya kufungia kidonda, na kwa kalamu ya wino mzito akaandika juu yake SI YA NYIMBO. Kisha akaniita, akaniomba nichomeke mimi mwenyewe, akasimama nyuma yangu mpaka uwanja ulipotokea.