Ridhaa niliyoiomba mara tatu

Picha ya kwanza ya filamu yangu niliifuta. Ilikuwa picha nzuri: kijana kwenye maskani karibu na magofu ya Mikindani, amesinzia wima, sigara inamwishia vidoleni. Kabla ya kuwasha kamera nilimuuliza kama nimrekodi, akatikisa kichwa kukubali. Nikajua nimeruhusiwa.

Miaka zaidi ya mitatu baadaye tukakutana feri. Amenenepa, anacheka. Nikamkumbusha. Akaniambia, "Kaka, siku ile mimi sikukuruhusu. Ule ulikuwa unga." Jioni tukaifuta pamoja.

Nilitaka filamu hii ya vijana wanaotumia unga, yaani heroini, kwa sababu huku kusini unga tunausikia kwa kilo. Januari 2012 zilikamatwa kilo zaidi ya 200 za heroini mkoani Lindi, watu wakazungumza mwaka mzima. Vijana wanaoamka na arosto, yale maumivu ya kukosa unga, hawakuzungumzwa.

Tukaanza upya. Mwenye arosto atakubali lolote akihisi kuna hela ya kete ya unga, na aliyekwishavuta hakumbuki alichokubali. Kwa hiyo hata yeye aliyepona nilimwomba siku tatu tofauti, asubuhi, mara ya tatu mama yake akiwepo. Pesa mkononi sikumpa. Nililipa nauli na chakula, nikamweleza kwa nini, akasema afadhali. Kibali cha Bodi ya Filamu nilikuwa nacho, ila kibali hicho hakimsemei mtu.

Uso hakutaka uonekane. Nikarekodi mikono yake ikishona jarife, wavu wa samaki wakubwa, huku akisimulia alivyokuwa akinywa methadoni, dawa ya kumsaidia mtu kuacha unga, huko Temeke. Dawa hiyo ilianza kutolewa Muhimbili mwaka 2011, na wakati ule mgonjwa aliinywa kila siku mbele ya mhudumu, ndiyo maana ilibidi ahamie Mbagala kwa shangazi yake. Alipunguziwa dozi kidogo kidogo mpaka ikaisha. Sauti ndiyo iliyonitesa. Ilikuwa Julai, kusi inavuma, maiki inanasa upepo mtupu. Tukaingia chumbani, tukaegemeza magodoro mawili dirishani, jirani akakubali kuzima friji yake.

Nilipomwonyesha mama yake, hata dakika haikufika. "Huyo mwanangu," akasema, akigusa kioo cha kompyuta. Kovu la ndoana kwenye dole gumba. Soko zima la samaki linalijua, na mimi nilikuwa nimelikuza likajaa kioo kizima, nikiamini nimemficha!

Tukarudia sehemu hiyo yote. Sasa linaonekana jarife peke yake, limefungwa kwenye mnazi, uzi unavutwa na mkono usioonekana. Si picha nzuri kama ile ya mwanzo.

"Na sauti?" nikamuuliza. "Nayo tuibadilishe?"

"Iache, kaka. Wanaoijua sauti yangu ndio walionipikia uji nikiwa na arosto."