Kwa Miguu, Nyuma ya Julie Delpy

Filamu inadanganya. Nilikuja kulijua hilo nikiwa nimeshatembea zaidi ya kilomita 3 mjini Paris, soli ya kiatu cha kushoto ikianza kuachama.

Nilianzia duka la vitabu la Shakespeare and Company, ng'ambo ya mto kutoka Notre-Dame, inapoanzia Before Sunset ya 2004. Kwenye filamu, waigizaji Julie Delpy na Ethan Hawke wanatoka dukani, wanakata vichochoro viwili vitatu, mara wameshakaa mkahawani. Mimi nilivuka Seine, nikaipita Bastille, nikauliza njia kwa Kifaransa changu cha kuombea maji, ndipo nikaiona Le Pure Café.

Kaunta yake imepinda kama kwato ya farasi. Nikaletewa kahawa kwenye kikombe kidogo kama cha kahawa yetu ya barazani, ila bei si ya barazani! Nikavua kiatu chini kwa chini, nikamwaza huyu mama, Delpy.

Mwongozaji Godard alimpa nafasi katika filamu yake Détective, 1985, akiwa bado binti mdogo. Baadaye akaenda New York kusomea utengenezaji wa filamu. Ilipotoka Before Sunrise, filamu iliyoitangulia Before Sunset, mwaka 1995, jina lake halikuwamo kwenye orodha ya waandishi, ingawa mwenyewe amesema yeye na Hawke waliandika sehemu kubwa ya maneno yale. Hilo linaniuma kama deni langu mimi. Kwenye hii ya pili jina likawekwa, na 2005 wakateuliwa kuwania Oscar ya uandishi, yeye, Hawke na mwongozaji Linklater. Hawakuipata. Before Midnight, ya tatu, nayo ikateuliwa, wakaikosa tena.

Ninayoipenda zaidi ni 2 Days in Paris ya 2007: kaandika yeye, kaongoza yeye, kahariri yeye, kaigiza yeye, na wazazi wa mhusika ni baba na mama yake wa kumzaa.

Nikapanda Coulée verte, njia ya reli ya zamani iliyogeuzwa bustani juu ya matao. Waridi, wakimbiaji, na mimi nikichechemea.

Mwisho nikafika Cour de l'Étoile d'Or, ua anaoishi Céline, mhusika wa Delpy, kwenye Before Sunset. Geti limefungwa, linataka namba. Nikangoja. Bibi mmoja akatoka akivuta kikapu cha magurudumu, akanitazama kiatu, akaliachia geti taratibu. Nikawahi kuona mawe ya sakafuni, na baiskeli moja.