Nasi Tulikuwa Tukitumaini

Tumsifu Yesu Kristo, wapendwa.

Juma hili nimekosa usingizi kwa sababu ya kicheko changu mwenyewe. Jumanne jioni kijana mmoja wa jumuiya yetu alinijia nyumbani na karatasi tatu alizoziandika kwa mkono, akanieleza jinsi vijana wanavyoweza kulima kwa pamoja eneo la parokia ambalo limekaa miaka mingi bila kazi, na mapato yake yakanunulia yatima sare na madaftari. Nilimsikiliza mpaka mwisho, kisha nikacheka. Nikamwambia, "Mwanangu, shamba la wote ni shamba la nyani. Hayo sisi tulishayalima, tukavuna maneno." Akanishukuru kwa adabu, akakunja karatasi zake, akaniaga. Tangu hapo safari ya Emau, ya wale wanafunzi wawili waliokuwa wakiondoka Yerusalemu baada ya Yesu kusulubiwa, haijaniacha.

Wale wanafunzi wawili walimwambia mgeni wao njiani, "Nasi tulikuwa tukitumaini ya kuwa yeye ndiye atakayewakomboa Israeli" (Lk 24:21). Nimefundisha sarufi maisha yangu yote, lakini sikuwahi kukitazama kitenzi hicho vizuri. Tumaini lao wameshaliweka katika wakati uliopita, na wanalisimulia kama watu watokao mazikoni wanavyomsimulia marehemu.

Mwaka 1974 nilikuwa mwalimu kijana wa shule ya msingi, na Azimio la Arusha, lile tamko la mwaka 1967 la ujamaa na kujitegemea, nilikuwa nimelihifadhi kuliko Katekisimu. Ilikuwa imekwisha kuagizwa kwamba kabla ya kwisha mwaka 1976 watu wote wa mashambani wawe wanaishi katika vijiji. Mimi nilipewa kazi ya kuandika orodha ya kaya, na kwa hiari yangu nikatunga ngonjera ambazo watoto walizighani mbele ya wageni, zikasifiwa sana. Siku ya kuhama, bibi mmoja alikuwa ameketi juu ya furushi lake chini ya mwembe, paa la nyumba yake likiwa limeshaondolewa, akaniuliza, "Mwalimu, na makaburi yetu je?" Nilikuwa na beti ishirini juu ya umoja, na katika beti zote hizo hapakuwa na mshororo hata mmoja wa kumjibu.

Yaliyofuata mnayajua: maduka matupu, foleni za sukari na sabuni, na hatimaye mwaka 1991 chama tawala, CCM, kilipokutana Zanzibar na kuyalegeza masharti yaliyomkataza kiongozi kupokea mishahara miwili au kupangisha nyumba. Siku ile nilijiona nimesalitiwa, na tangu wakati huo nimekuwa mtu wa kucheka. Wenye kalamu kunishinda walikuwa wameona mapema. Euphrase Kezilahabi, mwana wa Ukerewe, aliandika juu ya vijiji hivyo katika riwaya yake Gamba la Nyoka mwaka 1979; nilipokisoma kitabu hicho mara ya kwanza nilikichukia, na nadhani nilikichukia kwa sababu nilijiona ndani yake.

Miaka yote hii nimewaambia watu kwamba uchungu wangu ni kwa ajili ya maskini. Juma hili, mbele ya Ekaristi Takatifu, nililazimika kujiuliza swali ambalo sikulitaka: je, nilimlilia bibi yule, au nilizililia ngonjera zangu? Maana kama ningekuwa nimemlilia yeye, ningemtafuta. Sikumtafuta. Niliomboleza wazo zuri lililokufa, pamoja na kijana mwenye sifa aliyekuwa akilihubiri, na maombolezo hayo nikayaita hekima. Ndugu zangu mliowahi kuandika, kufundisha, kuongoza vyama vya ushirika au kamati za parokia, mkaumizwa, naomba mjiulize swali hilo hilo mkiwa peke yenu, kabla hamjamwambia kijana mwingine yeyote neno "tulishajaribu". Kuna kukata tamaa kunakotokana na upendo, na huko hakumwachi mtu akiwa amekaa. Humwinua akamtafute aliyeumia. Na kuna kukata tamaa kunakotokana na fahari iliyojeruhiwa, na huko huridhika na kiti cha barazani, chai ya tangawizi, na kuwahesabia wengine makosa yao. Kwa miaka zaidi ya thelathini mimi nimekuwa nikikaa katika kiti hicho.

Mwalimu Nyerere alikuwa na sababu kubwa kuliko yangu ya kukaa hapo. Mwaka 1977, Azimio lilipotimiza miaka kumi, aliandika bila kuficha kwamba nchi haijawa ya kijamaa wala haijajitegemea. Baadaye, mwaka 1984, alikiri katika mahojiano kwamba kuvifuta vyama vya ushirika na serikali za mitaa kulikuwa kosa. Na katika mahojiano mengine, muda si mrefu kabla ya kifo chake mwaka 1999, akasema kwamba bado husafiri na Azimio, hulisoma tena na tena, na kwamba pengine angerekebisha Kiswahili chake tu. Mtu aweza kubishana naye juu ya hilo, na mimi, nikimkumbuka bibi wa mwembeni, nabishana naye. Lakini hakucheka. Alikubali aibu ya kosa na bado akabaki na tumaini, huku akizitafsiri Injili kwa tenzi katika uzee wake.

Bwana hakuwabembeleza wale wawili wa Emau. Aliwaambia, "Enyi msiofahamu, wenye mioyo mizito ya kuamini." Hata hivyo alitembea nao kuelekea upande usiofaa mpaka giza likaingia, akakaa mezani, akaumega mkate, nao wakaondoka saa ile ile kurudi Yerusalemu, usiku, njia ile ile waliyokuja nayo wakiwa wamekunja nyuso. Nabii Eliya naye, alipokata tamaa akaomba kufa chini ya mti wa mretemu, alipewa mkate kwanza, safari baadaye.

Kesho baada ya sala ya jumuiya nitakwenda kwa kijana yule kumwomba msamaha, na kumwomba anisomee tena zile karatasi tatu. Nitamsimulia pia habari za bibi na makaburi, kwa kuwa katika mpango wake sikusikia mahali popote aliposema kwamba amewauliza wale akina mama wanaolima mchicha pembezoni mwa eneo lile.