Hukumu Imetoka, Mpangaji Hataki Kuhama

Mwenye nyumba aliyeshinda kesi, kisha akamkuta mpangaji bado amejifungia ndani, huhisi kwamba ushindi wake ni wa karatasi tu. Hasira hiyo naielewa, lakini siwezi kuunga mkono yanayofuata mara nyingi: kubadilisha vitasa mpangaji akiwa kazini, kukata maji na umeme, au kukodi vijana watupe vyombo nje. Hukumu inathibitisha haki ya kurudishiwa nyumba, ila haimruhusu mshindi kuitekeleza kwa mikono yake mwenyewe. Akithubutu, huenda akageuka mdaiwa, akitakiwa kulipia friji iliyovunjika na fedha ambazo hakuna awezaye kuthibitisha kama zilikuwamo kabatini.

Njia halali ni kurudi mahakamani kuomba kukazia hukumu, yaani itekelezwe kwa nguvu ya mahakama, ili itolewe hati ya kumwagiza dalali wa mahakama, au afisa mwingine mwenye jukumu hilo, amwondoe mpangaji. Kabla ya hapo ni lazima kuhakikisha kwamba muda aliopewa kuhama umekwisha, na kwamba hakuna amri ya kusitisha utekelezaji.

Siku yenyewe ndiyo yenye hatari. Polisi wakiwapo, kazi yao ni kulinda amani, si kubeba magodoro. Dalali ajitambulishe, aonyeshe hati, na kila kitu kinachotolewa kiorodheshwe mbele ya mashahidi. Tena aulize waliomo ni akina nani, kwa sababu pengine anayekutwa ndani si mpangaji aliyeshtakiwa bali mtu aliyepangishwa chumba na mpangaji huyo, na madai ya mtu huyo yanapaswa kuamuliwa na mahakama, si kwa mabishano ya mlangoni.

Kamati ya Umoja wa Mataifa ya Haki za Kiuchumi, Kijamii na Kiutamaduni, katika Maoni ya Jumla Namba 7 ya mwaka 1997, ilikubali kwamba kutolipa kodi mfululizo kunaweza kuhalalisha kumwondoa mpangaji. Hata hivyo ilitaka apewe notisi ya kutosha, na asitolewe usiku wala katika hali mbaya sana ya hewa isipokuwa kwa ridhaa yake. Kwangu mimi, hata mpangaji mkaidi kupindukia anastahili hayo, hasa akiwa na watoto au mgonjwa.

Nyumba ikishakabidhiwa, makabidhiano yaandikwe na kutiwa saini, na vitasa vibadilishwe papo hapo. Malimbikizo ya kodi yadaiwe kwa utaratibu wake, bila kuzuia vyombo vya mpangaji pasipo amri ya mahakama.