Mamumunye ya bustanini kwa ladha ya nanasi

Anayepanda zukini, yaani mumunye la kijani la bustanini, katika jimbo la Minnesota, Marekani, hana haja ya kujiuliza kama atavuna, kwa kuwa shaka yake yote iko katika kuyapeleka wapi atakayovuna. Hapa Minneapolis tunasia mbegu mwishoni mwa Mei, hofu ya jalidi ikishapita, na baada ya siku 50 hivi mashina yanaanza kuzaa mamumunye ya kijani ambayo hayajui kupumzika mpaka baridi ya vuli iyaue. Mashina mawili yanayopata jua na maji ya kutosha hulisha nyumba ya watu watano, yakabaki ya jirani. Tena lile tunda ambalo Ijumaa uliliona kama kidole chini ya jani, ukisahau kulichuma utalikuta Jumanne limekuwa gogo. Wenyeji wa nchi hii wamelifanyia jambo hilo utani wa hadharani: tarehe 8 Agosti imetajwa kuwa siku ya kunyemelea kibaraza cha jirani usiku na kumwachia zukini bila kuaga.

Nyumbani kwangu tulikuwa tumekwisha kuyapika kwa nazi, kwa nyama na kwa kamba wakavu, nikayakwaruza ndani ya mikate na maandazi, na friza ikajaa mifuko ya zukini iliyokwaruzwa ambayo, ikishayeyuka, hutoa maji mengi kuliko mboga. Nilichotaka ni kitu cha kukaa rafuni bila umeme, katika chupa, nikifungue Januari wakati theluji imefunika bustani yenyewe. Wanawake wengi wa mtaa wangu husindika nyanya, matango na matunda kila mwaka, kwa hiyo vyombo vya kuazima havikunipa taabu. Niliyemhitaji ni mtu wa kuniambia nini kinafaa kutiwa chupani na nini hakifai.

Zukini tupu haifai, na sababu yake inastahili kuelezwa kwa kirefu kwa kuwa ndiyo msingi wa kila kitu kinachofuata. Mumunye ni mboga yenye asidi kidogo mno. Kipimo chake cha pH, ambacho namba yake hupanda kadiri asidi inavyopungua, huwa karibu na 6, ilhali mpaka wa usalama katika usindikaji wa nyumbani umewekwa kwenye 4.6. Juu ya mpaka huo, mbegu za bakteria anayeitwa Clostridium botulinum, ambazo zimo katika udongo wa bustani yoyote, zinaweza kuamka ndani ya chupa iliyozibwa isiyo na hewa na kutengeneza sumu ambayo mara nyingine haionekani, hainuki wala haionjeki. Maji yanayochemka hayaziui mbegu hizo kwa uhakika katika muda wa kawaida wa upishi. Kinachoziua ni joto la nyuzi 116 hivi, linalopatikana katika sufuria ya presha iliyotengenezwa kwa kazi ya kusindika. Ungedhani basi sufuria hiyo ndiyo jibu, lakini Wizara ya Kilimo ya Marekani iliyaondoa maelekezo yake ya zamani ya kusindika mamumunye ya aina hii hata kwa presha, kwa kuwa hapakuwa na uhakika kuhusu muda uliokuwa umewekwa. Nyama yake hulegea na kushikamana chini ya chupa, na ikishikamana hivyo joto hupata shida kufika katikati.

Njia iliyobaki ni kuligeuza mumunye liwe kitu chenye asidi. Kituo cha Kitaifa cha Uhifadhi wa Chakula Nyumbani, kilichoko Chuo Kikuu cha Georgia, kina maelekezo yaliyopimwa ya kulisindika katika juisi ya nanasi na ya limau, nami nikayachukua kama yalivyo. Vipimo ni hivi: lita 3.8 hivi za zukini iliyomenywa na kukatwa vipande vidogo au kukwaruzwa. Juisi ya nanasi ya kopo isiyotiwa sukari, lita 1.36, juisi ya limau ya chupa, vikombe vya Kimarekani kimoja na nusu, yaani mililita 355, na sukari vikombe vitatu, ambavyo ni kama gramu 600. Hutoka chupa nane au tisa za karibu nusu lita.

Katika vipimo hivyo, kilichonipendeza ni kuona nani anafanya kazi gani. Mumunye halina ladha ya kujivunia, na hapa ukosefu huo ni fadhila, kwa kuwa kazi yake ni kutoa umbo na kutafunika, huku ladha yote ikitoka kwenye nanasi. Sukari ni ya ulimi. Mlinzi ni asidi, hasa ya limau, ambayo hupenya ndani ya vipande vinapochemka na kushusha pH yake chini ya mpaka ule. Ndiyo maana kiasi cha juisi hakipunguzwi na kiasi cha zukini hakiongezwi, hata kama sufuria inaonekana ina nafasi ya vipande zaidi. Ndiyo maana pia limau linalotakiwa ni la chupa ya dukani, ambalo uchachu wake umesawazishwa kiwandani, kwa kuwa malimau ya mtini hutofautiana na huwezi kujua lipi kali na lipi pole kwa kuyaonja. Mimi ni mtu wa Tanga, nimelelewa na malimau ya kukamuliwa, na nakiri kuwa harufu ya ile juisi ya chupa hainivutii hata kidogo. Lakini ikishachemka na nanasi huwezi kuitambua.

Kwa kazi hii nilitumia yale magogo. Zukini changa, yenye urefu wa kiganja, ni ya kukaangwa, na kuimenya na kuichemsha kwa dakika 20 ni kuionea. Ile iliyozeeka kidogo, yenye ganda gumu na unene wa mkono, ina nyama imara isiyovurugika upesi. Niliimenya ganda lote, nikaipasua kwa urefu, nikaukwangua kwa kijiko ule moyo wenye mbegu na sifongo mpaka nyama nyeupe iliyokaza ikabaki peke yake, kisha nikaikata vipande vya mraba vyenye upana wa sentimita moja na robo hivi. Baada ya kutoa maganda na mioyo, mlima wa zukini hupungua kuliko unavyotarajia, kwa hiyo ni vizuri kupima vipande vilivyokwisha kukatwa badala ya kukisia kwa idadi ya matunda. Sehemu nyingine niliikwaruza kwa kikwaruzio cha karoti, nikitaka kitu kinachofanana na nanasi lililosagwa, la kutia kwenye keki.

Upishi wenyewe hauna mbinu. Vyote vinne huingia katika sufuria pana kwa pamoja, sufuria isiwe ya aluminiamu tupu kwa ajili ya ile asidi, moto ukapanda mpaka mchanganyiko uchemke, kisha ukashushwa uwe wa kutokota kwa dakika 20. Mwanzoni vipande huelea, vyeupe, kama havitaki kuhusika na juisi iliyovizunguka. Kwenye dakika ya kumi na kitu huanza kuzama, rangi yao ikigeuka manjano ya kupenyeka na nuru, na hapo ndipo jiko linanukia nanasi kiasi kwamba wanangu walishuka ngazi kuuliza limekatwa wapi. Sikuongeza rangi. Nilitia vijiti viwili vya mdalasini katika sufuria, nikavitoa kabla ya kujaza chupa, kwa kuwa viungo vikavu vya kiasi kidogo haviigusi asidi. Hiliki ningeitia pia kama si wanangu kuikataa.

Chupa zinazotumika hapa ni zile za kioo kinene zenye kifuniko cha vipande viwili, yaani sahani bapa yenye ukingo wa mpira na pete ya kuikaza. Chupa na pete hurudiwa mwaka hadi mwaka, ila ile sahani bapa hutumika mara moja tu. Niliziosha chupa kwa sabuni, nikaziweka katika maji ya moto ili zisipasuke kwa kukutana na juisi inayochemka, kisha nikajaza vipande pamoja na juisi yake, nikiacha nafasi tupu ya sentimita 1.3 chini ya mdomo. Nafasi hiyo si ya kukisia, kwa kuwa ikiwa ndogo juisi hufurika na kuzuia kifuniko kuziba, na ikiwa kubwa hewa iliyobaki haitoki yote. Nilipitisha kijiti cha mbao pembeni kutoa mapovu ya hewa, nikafuta midomo kwa kitambaa kisafi chenye unyevu, nikakaza pete kwa nguvu ya ncha za vidole basi.

Chupa zilishushwa katika sufuria refu la maji ya moto lenye kichanja cha waya chini, ili kioo kisikae juu ya chuma, na maji yakazifunika kwa sentimita mbili na nusu juu ya vifuniko. Saa huanza kuhesabiwa pale maji yanapochemka kwa nguvu, wala si pale chupa zinapoingia. Kwa kimo cha Minneapolis, ambacho hakifiki mita 305 juu ya usawa wa bahari, muda ni dakika 15 kwa chupa za nusu lita na za robo lita. Chupa ya lita nzima haimo katika maelekezo, nami sikuitafutia muda wa kubuni. Moto ukizimwa chupa hukaa majini dakika tano, kisha huwekwa juu ya taulo, mbali na upepo, bila kuguswa kwa saa 12 hadi 24. Zinapopoa husikika zikiita moja moja, kila kifuniko kikivutwa ndani. Isiyovuta huwekwa kwenye friji na kuliwa kwanza.

Dakika hizo 15 si za kila mahali, na hapa nawageukia ndugu zangu wa Afrika Mashariki, ambao huniomba vipimo kwa simu. Maji ya Dar es Salaam, Tanga au Mombasa huchemka kwa nyuzi 100 kama yalivyo kwangu hapa, au karibu sana na hapo, kwa hiyo muda haubadiliki. Nairobi iko juu kiasi cha mita 1,700 hivi na maji yake huchemka kwa nyuzi 94, basi inahitaji dakika 20, sawa na Arusha. Na aliye juu ya mita 1,830, kama ndugu wa Eldoret au Limuru, ahesabu 25. Kwa asiyepata vifuniko vya aina hii, ushauri wangu ni kuacha kabisa kuchezea chupa kuukuu za jemu zenye vifuniko vilivyokwisha kutumika. Apike vilevile, apoze, atie katika vyombo vya plastiki na kuviweka katika friza, ambako vipande hulegea kidogo lakini ladha hubaki.

Je, ni nanasi? Wifi yangu, aliyekuja kutoka Columbus wakati wa sikukuu, alikula bakuli zima kabla ya kuniuliza, "Wifi, nanasi tamu hivi umelipata wapi kwa baridi hii?" Alipojua alicheka, lakini akaongeza jambo ambalo nami nilikuwa nimeliona: halina zile nyuzi zinazokwama menoni, na uchachu wake unafika ulimini mapema kuliko wa nanasi la kweli. Kwa maoni yangu, ukiliandaa peke yake katika sahani na kuliita nanasi, mlaji makini atakushika. Likichanganywa na maembe na ndizi katika saladi ya matunda halitambuliki, na katika keki, hasa ile ya kupinduliwa yenye karameli juu, nalipenda kuliko nanasi la kopo kwa sababu haliachii maji mengi. Mtu aliyekulia pwani, ambako boga hupikwa kwa nazi na sukari na kuliwa kama kitamutamu, hatashangaa hata kidogo kulikuta mumunye upande wa utamu.

Kuhusu gharama, asitarajie mtu kuokoa fedha. Juisi, limau, sukari na vifuniko vipya vikijumlishwa, chupa moja hukaribia bei ya kopo la nanasi la dukani, na mchana mzima umekwenda. Anayenunua zukini sokoni kwa ajili ya hili anajisumbua bure. Faida ipo kwa yule ambaye tayari ana magogo yamejipanga jikoni na majirani wameanza kufunga milango.

Chupa zangu zipo kabatini, gizani, pete zimeondolewa ili kifuniko kilicholegea kijionyeshe chenyewe, kila moja ikiwa na tarehe, nazo zinatakiwa kuliwa ndani ya mwaka. Ikishafunguliwa, chupa hukaa katika friji. Vipande vikiisha hubaki juisi nzito ya manjano ambayo mwanzoni nilikuwa nikiimwaga, mpaka mume wangu alipoichanganya na maji baridi na tangawizi iliyotwangwa. Siku hizi hugombewa kabla ya vipande vyenyewe.