Kumbukumbu ya kumtibu Mzee, kobe wangu: sindano tano

Siku ya 1. Mzee anatoa mapovu puani tangu juzi na leo amekataa kula. Daktari wa mifugo amesema njia ya hewa imeambukizwa, akaandika seftazidimu, dawa ya kuua bakteria: sindano tano, moja kila baada ya saa 72. Nilimwomba arudie. Binadamu hudungwa dawa hiyohiyo hata mara tatu kwa siku! Akanieleza kwamba mwili wa kobe huitoa dawa polepole mno, kwa hiyo ukiharakisha dozi, dawa inarundikana.

Jambo moja limeninyima usingizi. Jana nilidhani ni minyoo, na nilishaishika chupa ya ivermektini ya mifugo. Dawa hiyo ng'ombe huivumilia, lakini kobe humpooza, misuli ikalegea mpaka akashindwa kupumua na kufa. Unayefuga kobe, usimpe ivermektini hata tone. Yangu nimeshaiondoa nyumbani.

Siku ya 4. Sindano ya kwanza alidunga daktari; leo nimemdunga mwenyewe. Nimempima kwanza kwa mizani ya jikoni: gramu 640. Dozi ni miligramu 20 kwa kilo, yaani miligramu 12.8. Dawa yetu ina miligramu 100 kwa kila mililita, hivyo anahitaji mililita 0.13. Nimepiga hesabu mara tatu, kwa sababu nukta ikisogea nafasi moja tu inakuwa 1.3, dozi ya kobe wa kilo sita na nusu. Ndiyo maana natumia bomba dogo la mililita 1, lenye mistari ya kusomeka vizuri. Nimedunga mguu wa mbele, kama nilivyoagizwa: damu ya miguu ya nyuma inaweza kupitia kwenye figo kabla ya kuzunguka mwilini.

Siku ya 7. Taa ya joto iliungua usiku. Asubuhi kipimajoto kilisoma nyuzi 21, wakati daktari alitaka 30 mchana. Kobe hana joto lake mwenyewe. Akipoa, kinga yake inalala na dawa haiendi inavyotarajiwa. Nimempigia daktari kabla ya kugusa sindano. Nimebadilisha taa, nikamlaza kwenye maji ya vuguvugu yasiyofika puani ili anywe, na akishapata joto ndipo nikamdunga. Sasa nina taa ya akiba.

Siku ya 10. Gramu 648. Mapovu yamepungua. Nimedunga mguu wa mbele wa upande wa pili, maana ule wa kwanza nimeshautumia mara mbili.

Siku ya 13. Sindano ya mwisho. Nilishawishika kuacha ile ya nne alipoanza kula, nafurahi sikuacha. Dawa iliyobaki naipeleka kwa daktari. Siiweki kwa ajili ya mjusi wangu, ambaye ana uzito wake na dozi yake.

Siku ya 16. Pua kavu. Amekula majani yote, akageuka kunitazama kama kuna mengine. Daktari atamkagua tena wiki ijayo.