Watoto wa Edward na ukimya wa baba yao mdogo

Msomaji wa Tabora anayefuatilia habari za watoto wawili wa kifalme waliopotea ndani ya Mnara wa London mwaka 1483 atautambua mapema ugomvi uliokuwa chini ya kisa chote, yaani ugomvi kati ya mjomba na baba mdogo juu ya nani amlee mrithi. Mkubwa wao, Edward, aliyekuwa na miaka 12, alikuwa amelelewa Ludlow, karibu na mpaka wa Wales, chini ya uangalizi wa mjomba wake Anthony Woodville. Baba yake, Mfalme Edward IV, alifariki dunia tarehe 9 Aprili. Baba yake mdogo, Richard wa Gloucester, aliona kwamba iwapo mtoto angefika London mikononi mwa ndugu wa mama yake, wao ndio wangetawala kwa jina lake. Tarehe 30 Aprili, msafara wa mfalme mpya ukiwa bado njiani, Richard alimkamata mjomba na kumchukua mtoto. Mjomba huyo aliuawa tarehe 25 Juni bila kumwona tena mpwa wake.

Katika tawala nyingi za Wanyamwezi wa zamani mtemi alirithiwa na mtoto wa dada yake, na sidhani kwamba chini ya utaratibu huo ndoa za mfalme zingeweza kuleta balaa kama lile. Kule Uingereza kila kitu kilisimama juu ya uhalali wa ndoa ya baba, na hapo ndipo Richard alipopata mlango wa kuingilia. Watoto wa marehemu, ilidaiwa, walikuwa wana wa nje ya ndoa, kwa kuwa kabla ya kumwoa Elizabeth Woodville baba yao alikuwa amekwisha kufunga ahadi ya ndoa na mwanamke mwingine, Eleanor Butler. Hoja hiyo haikutolewa kabla watoto wote wawili hawajawa mikononi mwake. Mama yao alikuwa amekimbilia katika hifadhi ya abasia ya Westminster pamoja na mwanawe wa pili, mdogo wa Edward, aliyeitwa pia Richard na aliyekuwa na miaka 9. Tarehe 16 Juni Askofu Mkuu wa Canterbury alimshawishi amtoe mtoto huyo, akaungane na kaka yake ndani ya Mnara, ambako wafalme walikaa kwa desturi wakingoja kutawazwa. Siku sita baadaye mhubiri alisimama hadharani London akawatangaza watoto kuwa haramu. Tarehe 6 Julai aliyetawazwa alikuwa baba mdogo.

Jinsi walivyotoweka tunaisikia kwa Dominic Mancini, Mwitalia aliyekuwa London majira yale na kuondoka mwezi Julai, kisha akaandika taarifa yake kabla ya mwaka kwisha. Anasema watoto waliondolewa katika vyumba vya nje wakapelekwa ndani zaidi, wakawa wanaonekana kwa nadra kupitia nondo na madirisha, hadi wakakoma kuonekana kabisa. Anaongeza kwamba tabibu wa Edward alisimulia jinsi mtoto yule alivyokuwa akiungama na kufanya toba kila siku, akiamini kwamba kifo kilikuwa kinamsubiri. Mancini hasemi waliuawa, wala hasemi aliyewaua. Mimi namwamini zaidi kwa sababu hiyo, kwa kuwa mtu anayetunga hadithi huwa hapendi kuiacha bila mwisho.

Watu wengi wanaoandika juu ya kisa hiki huanza na mifupa, au na simulizi ya usiku wa mauaji iliyoandikwa na Thomas More, mwanasheria na mwandishi wa Kiingereza, ambaye mwaka 1483 alikuwa mtoto mdogo. Mimi naona ushahidi mzito kuliko wote ni jambo ambalo Richard hakulifanya. Kufikia Oktoba mwaka ule kulikuwa na uasi, na uvumi kwamba watoto wamekufa ulikuwa umeenea. Mwezi Januari 1484 mkuu wa sheria wa Ufaransa aliwaambia wajumbe waliokusanyika Tours kwamba mfalme wa Uingereza amewaua watoto wa kaka yake. Mtawala aliye na watoto hao hai ana jibu rahisi kupita yote, nalo ni kuwatoa wakaonekana siku moja tu.

Jibu hilo lilijulikana, na tunajua hivyo kwa sababu mfalme aliyemfuata Richard alilitumia. Mwaka 1487 kijana mmoja, Lambert Simnel, alitawazwa Dublin akidaiwa kuwa Edward wa Warwick, mtoto mwingine wa ukoo uleule. Henry VII alimtoa Warwick halisi kutoka katika Mnara na kumpitisha London hadi kanisa la Mtakatifu Paulo ili watu wamwone. Simnel aliposhindwa vitani, Henry alimpa kazi jikoni kwake. Lakini miaka michache baadaye alipojitokeza Perkin Warbeck akijiita Richard, yule mdogo wa watoto wawili, Henry hakuwa na mtoto wa kuonyesha wala kaburi la kuelekeza watu. Alihangaishwa naye kwa miaka mingi, hadi alipomnyonga mwaka 1499.

Hapa kwetu Unyanyembe, Mnywa Sele aliyemrithi mtemi Fundikira naye aliondolewa madarakani, kwa nguvu ya wafanyabiashara wa Kiarabu, na Mkasiwa akawekwa mahali pake. Lakini Mnywa Sele hakutoweka: aliendelea kupigana, na msafiri Speke alikutana naye mwaka 1861. Mtawala aliyeondolewa akiwa hai huacha nyayo za namna hiyo. Ni kweli kwamba Mnywa Sele alikuwa mtu mzima mwenye askari, na wale walikuwa watoto waliofungiwa, lakini hata mfungwa wa kifalme hula, huvaa na hulindwa na watu wenye midomo.

Mwalimu mmoja mstaafu wa historia, ambaye kwa umri wake namwita baba, hakukubaliana nami tulipolizungumza. “Mwanangu,” alisema, “mama hawezi kuwapeleka binti zake kwa mtu aliyewaua wanawe. Huyo mama alitoka katika hifadhi Machi 1484. Hilo unalielezaje?” Ni pingamizi zuri, na sijaona lililo zuri zaidi. Nilimjibu, “Baba, tazama kiapo alichoapishwa Richard kwanza.” Tarehe 1 Machi Richard aliapa mbele ya wakuu wa dola kwamba binti za Elizabeth wakitoka watakuwa salama wa maisha yao, na kwamba atawaoza kwa waungwana. Mama aliyeona haja ya kiapo cha namna hiyo kwa ajili ya mabinti alikuwa na hofu ya kitu fulani, na kiapo hakisemi neno juu ya watoto wa kiume. Mwalimu alisema kiapo kinaweza kusomwa kwa njia mbili. Nakubali, ila njia yake naiona ndefu zaidi.

Wapo wanaomlaumu Buckingham, mshirika wa Richard aliyegeuka akaasi na kukatwa kichwa Salisbury tarehe 2 Novemba 1483, siku ambayo Edward angetimiza miaka 13. Kama Buckingham ndiye aliyeua bila idhini, Richard alikuwa na maiti ya msaliti ya kutupia lawama, na hakuitumia. Wanaomlaumu Henry, kwa upande wao, hawana budi kueleza watoto walikuwa wapi kwa miaka miwili, kwa maana Henry alikuwa uhamishoni hadi Agosti 1485 alipomshinda na kumuua Richard vitani Bosworth.

Mifupa nitaipitia haraka. Mwaka 1674 wafanyakazi waliokuwa wakibomoa ngazi ndani ya Mnara waliikuta mifupa ya watoto wawili, na Charles II akaamuru iwekwe katika abasia ya Westminster. Ilichunguzwa mwaka 1933, wakati ambapo hapakuwa na kipimo cha vinasaba, na hata jinsia yake haikuthibitishwa. Mifupa ya Richard mwenyewe ilipatikana Leicester mwaka 2012 chini ya maegesho ya magari na ikatambuliwa kwa vinasaba, lakini ile ya Westminster haijafunguliwa tena. Hata ikifunguliwa itatuambia ni ya nani, na haitatuambia ni nani aliyetoa amri.

Kinachonivutia zaidi ni nyaraka mpya. Mwaka 2023 ilitangazwa stakabadhi ya mwaka 1487 iliyopatikana Lille, inayohusu silaha zilizonunuliwa kwa ajili ya mtu anayetajwa kuwa mwana wa Mfalme Edward, na wapo wanaoiona kuwa dalili kwamba mtoto mmoja alinusurika. Mimi naona inathibitisha tu kwamba mnunuzi alitaka mtu huyo aitwe hivyo. Nauona kuwa na uzito zaidi wosia wa mwaka 1516 uliotangazwa mwaka 2024, ambamo mjane aitwaye Margaret Capell anamwachia mwanawe mkufu unaotajwa kuwa ulikuwa wa Mfalme Edward V, yaani yule mkubwa wa watoto wawili, akiwa kijana. Margaret alikuwa shemeji ya James Tyrell, mtu yuleyule ambaye More anasema alisimamia mauaji. Mali ya mfalme aliyeondolewa hutawanyika kwa njia nyingi, na mkufu unaweza kununuliwa na mtu asiye na hatia yoyote, hasa katika mji wa wafanyabiashara kama London. Hata hivyo, tangu niliposoma habari za wosia huo naipa simulizi ya More nafasi kubwa kidogo kuliko niliyokuwa naipa zamani.